Pedro Costa na Taa za Fontainhas

Pedro Costa alipomaliza kupiga *Casa de Lava*, filamu yake iliyotoka 1994, wenyeji wa Cape Verde walimtwisha mizigo: barua, kahawa na tumbaku za ndugu zao waliokwenda Ureno kutafuta kazi. Anayerudi mjini hakosi kubebeshwa. Mizigo ile ndiyo iliyomfikisha Fontainhas, mtaa wa mabanda pembezoni mwa Lisbon, mji wake mwenyewe.

Hakuwa mgeni wa kazi. Alisoma filamu Lisbon, akafundishwa na António Reis, na 1989 akatoa *O Sangue*, ya rangi nyeusi na nyeupe. Fontainhas aliirudia na kikosi kizima, wakapiga *Ossos* (1997).

Mimi napiga video za harusi, kwa hiyo hapa namwelewa bila kuelezwa. Nyaya, taa kubwa, vijana wa kusogeza watu. Vichochoro vya Fontainhas vilikuwa vyembamba, na wakazi wake waliamka alfajiri kwenda kujenga na kufagia majengo ya wenzao. Taa zikiwamulika dirishani usiku, nani atalala? Costa akaagiza zizimwe. Na bado *Ossos* ilipata tuzo ya upigaji picha kwenye tamasha la filamu la Venice, kwa kazi ya Emmanuel Machuel. Mwingine angeng'ang'ania njia hiyo hiyo.

Yeye alichukua kamera ndogo ya dijitali akarudi, safari hii mwongozaji na mpigapicha ni yeye mwenyewe. Akajibanza chumbani kwa Vanda Duarte, mkazi wa mtaa huo. Vanda na dada yake Zita wako kitandani, wanavuta heroini, wanakohoa, wanagombana, wanacheka. Nje mtaa unabomolewa na vishindo vinaingia hadi ndani. Kamera haitikisiki. Wenye kazi tunajua kwamba kamera ya bei ndogo gizani hutoa picha yenye chenga, na ukiizungusha ndiyo unaharibu kabisa. Costa aliiweka chini, akangoja mwanga wa mlangoni uguse shavu. Saa zaidi ya 100 za kanda zikazaa *No Quarto da Vanda* (2000), ya karibu saa tatu. Ni ndefu, sitawadanganya. Kuna mahali nilisinzia.

*Juventude em Marcha* (2006), aliyoipiga pamoja na Leonardo Simões, inamfuata Ventura, fundi ujenzi mstaafu, baada ya watu wa Fontainhas kuhamishiwa kwenye maghorofa meupe. Mwenzake Lento anataka kumwandikia mkewe, basi Ventura anamtungia barua na kumkaririsha, tena na tena. Baadhi ya maneno ya barua hiyo Costa aliyatoa kwenye barua ya mshairi Mfaransa Robert Desnos, aliyoiandika 1944 akiwa kwenye kambi ya Wanazi. Yanakaa kinywani mwa Ventura utadhani ni yake.

Halafu kuna *Vitalina Varela*, iliyotwaa Chui wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Locarno, 2019, na Vitalina mwenyewe akawa mwigizaji bora wa kike. Ni maisha yake: alingoja miaka na miaka atumiwe tiketi na mumewe, akaja kufika Lisbon siku tatu baada ya mazishi. Anashuka ngazi za ndege miguu mitupu, usiku.

Anayetaka kumjua Costa ningemwambia aanze na hiyo. Ila asiitazame kwenye simu mchana wa jua, ataishia kuona sura yake mwenyewe kwenye kioo.