Vifupisho vya majina ya majarida ya tiba

Katika marejeo ya makala za tiba, jina la jarida hufupishwa kwa kanuni, si kwa hiari ya mwandishi. East African Medical Journal huwa *East Afr Med J*. New England Journal of Medicine huwa *N Engl J Med*. Maneno kama *of* na *the* huachwa, na jina la neno moja, mfano *Nature*, halifupishwi. Mtindo wa Maktaba ya Taifa ya Tiba ya Marekani hauweki nukta; ule wa ISO 4 kwa kawaida huziweka: *N. Engl. J. Med.*

Mfasiri asikitafsiri kifupisho. Akiandika *Jar. Tib. Afr. Mash.*, msomaji hatakuwa na jinsi ya kuitafuta makala hiyo katika hifadhidata. Matini hufasiriwa, marejeo hubaki yalivyo.