Nywele za Waasi wa Gusii

Waumini wa Mumbo walikatazwa kunyoa na kuoga. Walivaa ngozi, wakaziacha nywele ziote zitakavyo, wakaweka jembe chini, maana Mzungu alikuwa karibu kuondoka. Habari hizo alizileta Onyango Dunde wa Alego mwaka 1913, aliyesimulia kwamba Mumbo, joka kubwa la Ziwa Viktoria, lilimmeza, likamtapika akiwa mzima, likamtuma ahubiri. Zilipofika kwa Abagusii wa magharibi mwa Kenya, ziliwakuta na kinyongo cha miaka ya nyuma.

Januari 1908, Otenyo Nyamaterere wa Kitutu alimchoma mkuki G.A.S. Northcote, afisa Mwingereza aliyeitwa na wenyeji Nyarigoti. Husimuliwa kwamba mwanamke mwonaji, Moraa wa Ng'iti, ndiye aliyempa moyo. Northcote alipona. Kitutu, ambayo leo imegawanyika kati ya kaunti za Kisii na Nyamira, haikupona: vijiji vilichomwa, ng'ombe wakaswagwa, watu wakauawa kwa wingi hata Winston Churchill, wakati huo naibu waziri wa makoloni, akahoji kuna haja gani ya kuendelea kuua. Otenyo naye aliuawa, na jamii yake bado inadai kichwa chake kilipelekwa Uingereza. Nyarigoti alipanda ngazi hadi akawa gavana wa Hong Kong mwaka 1937.

Kwa hiyo Septemba 1914, Wajerumani walipovuka mpaka na Waingereza wakauhama mji wa Kisii, nani angembishia aliyesema kwamba Mumbo ametimiza neno? Wenyeji walipora mji, kisha misheni za Nyabururu na Nyanchwa. Mzungu alirudi baada ya siku chache tu, akiwa na hasira.

Wakoloni waliona wazimu katika nywele zile. Audrey Wipper, msosholojia aliyefundisha Chuo Kikuu cha Waterloo nchini Kanada, aliona siasa. Kitabu chake *Rural Rebels*, kilichotoka mwaka 1977, kinawaweka waumini wa Mumbo bega kwa bega na wale wa vuguvugu jingine, Dini ya Msambwa ya Elijah Masinde. Si kitabu cha kusoma kitandani, tuseme ukweli. Lakini anayekivumilia atamkuta Sakagwa, mwonaji wa Kitutu ambaye masimulizi yanasema alitembea Getembe, palipo mji wa Kisii leo, akionyesha mahali polisi watakapokaa na mahali hospitali itakapojengwa, boma la Mzungu likiwa bado halijaja. Waasi walimngoja Sakagwa arudi.

Kinachomtofautisha Wipper na wengi walioandika juu ya uasi ni kwamba alikuwa na jicho la kutazama juu pia. Mwaka 1972 aliandika kuhusu wanawake wa mjini waliosakamwa kwa sababu ya sketi fupi na mawigi, akiuliza kwa nini lawama za taifa zima zitwikwe kichwani mwa mwanamke. Mwaka 1975 aliwageukia viongozi wa jumuiya ya Maendeleo ya Wanawake, akaonyesha jinsi mabibi wa tabaka la juu walivyovutwa upande wa serikali, wakamwacha mwanamke wa kijijini peke yake. Alisoma wigi la Nairobi kwa umakini ule ule aliosomea nywele zisizonyolewa za Kitutu.

Huenda serikali ya kikoloni nayo iliwaelewa waumini wale kuliko ilivyokiri. Iliwakamata viongozi wao, ikawapeleka uhamishoni. Na mwaka 1954, Mau Mau ikiwa imepamba moto, ikaipiga Mumbo marufuku, zaidi ya miaka 40 tangu joka lile limtapike Onyango.