Deni Umelipa, Jina Je?

Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa. Siku hizi dawa hiyo ina dozi ya pili: kuhakikisha aliyekudai ameandika kwamba umelipa.

Katika karne ya 19 biashara ya misafara pale Bagamoyo iliendeshwa kwa mkopo. Wafanyabiashara kama Sewa Haji walitoa mali na kuandika katika daftari. Mdaiwa akiona kosa, alijua daftari liko duka gani. Leo daftari liko Benki Kuu. Chini ya kanuni za mwaka 2012, mabenki hupeleka taarifa za wakopaji katika kanzidata ya Benki Kuu, na taasisi zenye leseni huzitumia kuandaa ripoti kwa ajili ya wakopeshaji.

Mpango huo ni mzuri. Asiye na nyumba wala shamba la kuweka rehani anaweza kuonyesha uaminifu wake. Lakini daftari likikosea?

Chukua mfano wa mama anayekaanga samaki Bagamoyo. Alikopa, akalipa hadi senti ya mwisho, lakini karani hakufunga deni lake. Au jina lake, Mwajuma Ally, limechanganywa na Mwajuma Ali wa Kunduchi. Akiomba mkopo wa kununua jokofu, anaambiwa hakopesheki. Samaki hawasubiri. Anakimbilia mikopo ya "kausha damu", na kosa la karani linalipwa na watoto wake.

Tufanye nini basi? Kwanza, ukimaliza deni, dai barua ya kuthibitisha. Pili, kabla ya kuomba mkopo mwingine, omba ripoti yako uisome. Tatu, ukiona kosa, mwandikie aliyekukopesha, kwani ndiye aliyepeleka taarifa, nawe ubaki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Asipokusikiliza, peleka malalamiko Benki Kuu. Kanuni za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinakuruhusu. Aidha, Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inakupa haki ya kudai taarifa zisizo sahihi zirekebishwe.

Nanyi wakopeshaji, mteja akichelewa siku moja tu mnampigia simu. Akimaliza kulipa, fanyeni haraka hiyo hiyo kulisafisha jina lake.