UMBO LA KONOKONO ANGANI

Ukiwa Kitete, mjini Tabora, toka nje usiku usio na mbalamwezi katika mwezi wa Julai. Simama mbali na taa, uangalie juu. Utaona ukanda mweupe uliokatiza anga. Huo ni mwanga wa nyota nyingi mno zilizo mbali. Nyota hizo, pamoja na Jua letu, ni za galaksi moja, yaani kundi kubwa la nyota lililoshikwa pamoja na nguvu ya uvutano. Galaksi yetu ina nyota zaidi ya bilioni 100. Imebapa kama sinia, nasi tumo ndani yake. Ndiyo sababu tunaiona kama ukanda. Lau tungeitazama kutoka juu, tungeona mikono ya nyota iliyojipinda kukizunguka kitovu, mfano wa gamba la konokono.

Umbo hilo huonekana pia katika mawingu ya kimbunga. Mwezi wa Mei 2024, picha za setilaiti zilionyesha Kimbunga Hidaya kikiikaribia pwani ya Tanzania. Mamlaka ya Hali ya Hewa iliwatahadharisha watu kabla kimbunga hakijafika karibu na Mafia tarehe 4 Mei. Mvuvi aliyeipata habari mapema aliweza kubaki nchi kavu. Basi, kulijua umbo hili ni kinga ya maisha.

Je, kimbunga na galaksi vina sababu moja? La. Juu ya bahari yenye joto, hewa yenye mvuke hupanda, na hewa nyingine hukimbilia kujaza mahali pake. Kwa kuwa Dunia inajizungusha, hewa hiyo haiendi moja kwa moja, bali hupinda. Kusini mwa Ikweta vimbunga huzunguka kama mishale ya saa. Vikifika nchi kavu hukosa mvuke wa bahari, vikadhoofika.

Galaksi haina upepo. Ili uelewe mikono yake, fanya jaribio hili.

Jaribio: Tia maji katika karai. Yakoroge taratibu katikati kwa kijiti, kisha kiondoe. Dondosha matone ya maziwa katika mstari kutoka katikati hadi ukingoni. Mstari utajipinda, kwa sababu maji ya katikati humaliza mzunguko mapema kuliko ya ukingoni. Baada ya muda mfupi mstari utapotea.

Nyota za karibu na kitovu nazo hutangulia kumaliza mzunguko. Jua letu huzunguka mara moja kwa miaka ipatayo milioni 230. Mbona basi mikono haipotei kama maziwa? Fikiri juu ya misafara ya karne ya 19 iliyotoka Bagamoyo kupitia Tabora hadi Ujiji. Penye kivuko cha mto wapagazi husongamana, kisha huvuka na kuendelea. Wengine hushika nafasi zao. Watu hubadilika, lakini msongamano hubaki. Wataalamu hueleza mikono ya galaksi nyingi kwa njia hiyo: ni mahali pa msongamano, nazo nyota hupita humo.

Kumbuka: vitu viwili vikifanana kwa umbo, usidhani sababu zao ni moja. Chunguza kwanza.

Maswali
1. Kwa nini tunaiona galaksi yetu kama ukanda?
2. Kwa nini kimbunga hudhoofika kifikapo nchi kavu?
3. Mikono ya galaksi inafanana vipi na msongamano wa wapagazi kivukoni?