Mwaka wa Waajemi Uliobaki Makunduchi

Huku Momela mwaka unafunguliwa na mvua. Mkulima wa upande huu wa Mlima Meru huyatazama mawingu ya Machi, huandaa shamba kabla masika hayajashuka, na vuli ikichelewa mwezi wa Novemba humlalamikia Mungu, si kalenda. Mwambie kwamba kuna mwaka wenye siku 365 kamili, usioongezwa siku hata moja kila baada ya miaka minne, naye atakuuliza: mwaka huo si utaukimbia msimu? Utaukimbia kweli. Mwaka ninaousema umeshayakimbia majira yote, karibu umalize mzunguko mzima, na siku hizi huanza katikati ya Julai katika kijiji cha Makunduchi, kusini mwa Unguja.

Wengi tumeona picha za Mwaka Kogwa, sherehe ya kuufungua mwaka huo: wanaume wanacharazana kwa vipande vya migomba wakimaliza nyongo za mwaka uliopita, kibanda cha makuti kinachomwa, kinamama wanaimba wakiwa wamependeza. Wageni huuchukulia moto ule kuwa ushahidi wa asili ya sherehe, maana wamesikia kwamba Waajemi wa kale waliabudu moto. Mimi naona wanatazama pasipo. Mila za kuchoma vibanda zipo mahali pengi duniani. Ushahidi ulio mzito hauonekani kwa macho, nao ni hesabu ya siku.

Hesabu hiyo ni ya Wazoroasta, wafuasi wa Zarathustra, mwalimu wa kale wa Uajemi. Wasomaji wetu wamekutana nao bila kujua. Mkristo anawakumbuka mamajusi wa Mashariki kila Krismasi. Mwislamu anawasoma Majusi katika Suratul Hajj. Zarathustra mwenyewe aliishi lini ni mabishano. Wataalamu wengi wa lugha, wakipima ukale wa Gatha, zile tenzi 17 zinazohesabiwa kuwa zake, humweka kati ya mwaka 1500 na 1000 KK. Wengine humsogeza hadi karne ya 6 KK. Alichofundisha kiko wazi zaidi. Yuko Ahura Mazda, Bwana Mwenye Hekima; ipo kweli na upo uongo, na kila mtu lazima achague upande kwa mawazo yake, maneno yake na matendo yake. Mwisho kuna hukumu.

Na moto? Moto ni shahidi wa usafi mbele ya Mungu, wala si mungu. Maji na ardhi navyo havipaswi kunajisiwa, ndiyo maana wafu hawakuzikwa wala kuchomwa, bali waliachiwa ndege katika minara ya mawe. Anayeswali mbele ya moto anaelekea mahali, kama anavyoelekea kibla Mwislamu.

Na wafalme wa Uajemi, waliishika dini hii? Koreshi, yule wa kitabu cha Ezra aliyeuteka Babeli mwaka 539 KK na kuwaruhusu Wayahudi warudi kwao, hatuna maandishi yake yanayomtaja Ahura Mazda; silinda yake ya udongo inamsifu Marduki, mungu wa Babeli. Mfalme Dario ndiye anayelitaja jina hilo tena na tena kwenye mwamba wa Behistun, akiwaita waasi wake watu wa uongo. Lakini Zarathustra hamtaji hata mara moja. Kwa hiyo mhubiri anayetangaza kwamba Biblia ilikopa Shetani na kiyama kutoka Uajemi anakwenda mbio kuliko ushahidi. Wayahudi na Waajemi waliishi chini ya dola moja kwa karne mbili, hilo ni kweli. Lakini kuishi pamoja bado si kukopeshana.

Aleksanda alipoiteketeza Persepolis mwaka 330 KK dini haikufa. Ilipata nguvu ya dola hasa chini ya wafalme wa Kisasani, walioanza kutawala mwaka 224 BK, ambapo baadaye kuhani Kartir aliandika kwenye miamba akijisifu kwamba amewaonea watu wa dini nyingine, Wakristo na Wayahudi wakiwemo. Dini iliyofundisha uchaguzi ikawa na makuhani wasiopenda watu wachague. Zama hizo ndizo Avesta, maandiko yao, yalipopewa hati yao maalumu.

Sasa turudi kwenye kalenda. Ilikuwa na miezi 12 ya siku 30, na siku 5 za ziada mwishoni. Kila siku kati ya zile 30 ilikuwa na jina la Ahura Mazda au la kiumbe mtakatifu anayeilinda. Kuongeza siku moja kungeleta siku isiyo na mlinzi, na sala zake zingekuwa za nani? Basi haikuongezwa, na mwaka ukawa unarudi nyuma siku moja kila miaka minne. Hesabu ya miaka nayo ilianza upya kila mfalme alipotawazwa. Wa mwisho, Yazdegerd wa Tatu, alitawazwa Juni 632. Waarabu walipoivunja dola yake, akauawa karibu na Merv mwaka 651, hakutokea mwingine wa kuanza naye hesabu. Ile ya 632 ikaendelea, na bado inaendelea.

Ilikuja kwetu kwa njia ya mabaharia. Ahmad ibn Majid, nahodha wa Kiarabu wa karne ya 15, alipoandika lini jahazi liondoke na pepo za msimu, hakutumia miezi ya Kiislamu, kwa sababu mwezi mwandamo unauacha msimu kwa siku 11 kila mwaka. Alihesabu siku tangu Nairuzi, siku ya kwanza ya mwaka huo wa Waajemi, ambayo wakati wake iliangukia Novemba. Kwa nahodha kalenda hiyo inafaa kabisa: katika miaka 40 ya kazi yake itateleza siku 10 tu. Pwani ya Waswahili ikaushika mwaka huohuo, ikaugawa kwa miongo 36 ya siku kumikumi, zikabaki siku 5, zilezile za Waajemi. Ukianza na Novemba ya Ibn Majid ukarudi nyuma siku moja kila miaka minne, unafika Julai ya Makunduchi.

Hii haina maana kwamba Washirazi, Waswahili wanaojinasibu na Uajemi, walileta ibada ya Zarathustra. Jirani tu na Makunduchi, msikiti wa Kizimkazi una maandishi ya mwaka 500 Hijria, yaani 1107 BK. Na utafiti wa vinasaba vya mifupa ya pwani, uliochapishwa katika jarida la Nature mwaka 2023, ulikuta kweli damu ya Uajemi, hasa kwa upande wa baba, iliyochanganyika na ya Kiafrika tangu kama mwaka 1000. Hao waliokuja walikuwa Waislamu. Dini waliiacha kwao. Tarehe wakaja nayo.

Wazoroasta wenyewe walikuja Unguja baadaye, karne ya 19, nao ni Waparsi wa India, kizazi cha waliokimbilia Gujarat. Hapa ndipo jambo linaponoga. Waparsi wa India waliwahi kuongeza mwezi mzima kwenye kalenda yao. Wale wa Iran hawakuuongeza, na mwaka 1745 huko Surat baadhi ya Waparsi walijitenga wakaifuata hesabu ya Iran. Waparsi wengi walibaki na ile iliyochelewa mwezi. Kwa hiyo Waislamu wa Makunduchi, wasio na kuhani wala Avesta, wamekuwa wakishika hesabu inayokaa karibu na ile ya kale ya Iran kuliko majirani zao Waparsi wa mjini. Farrokh Bulsara, aliyekuja kujulikana kama Freddie Mercury, alizaliwa Zanzibar tarehe 5 Septemba 1946, siku zilezile ambazo Navroz, yaani Nairuzi ya Waparsi wengi, iliangukia. Siku hizi Navroz hiyo iko katikati ya Agosti.

Mwaka Kogwa nao unarudi nyuma kwa mwendo huohuo. Ukiachwa ufuate hesabu yake, utaingia Juni kabla ya karne hii kwisha, isipokuwa wenye hoteli wawashawishi wazee waufunge kwenye tarehe moja ya msimu wa watalii.