Fahamu: Tamthilia zilizowakosesha usingizi watawala wa Uingereza

Januari 2024, televisheni ya ITV ya Uingereza ilionyesha Mr Bates vs The Post Office, kisa cha wasimamizi wa posta waliosingiziwa wizi kwa hitilafu za kompyuta. Mwaka huohuo Bunge likapitisha sheria ya kufuta hukumu za mamia yao, ingawa magazeti yalikuwa yameipigia kelele kashfa hiyo kwa miaka bila kufanikisha hilo.

Njia ya tamthilia kama hiyo ilifunguliwa na Cathy Come Home ya BBC, Novemba 1966. Ken Loach aliirekodi mitaani mithili ya taarifa ya habari: Cathy, asiye na makazi, ananyang'anywa wanawe katika kituo cha reli. Watu wapatao milioni 12 walitazama.

Hata hivyo, kabla ya hapo BBC hiyohiyo ilikuwa imeifungia kabatini The War Game ya Peter Watkins, kuhusu shambulio la nyuklia, ikaja kuionyesha mwaka 1985 tu.