Afya ya Paka Nyumbani (Sehemu ya Pili): Maradhi, Majeraha na Huduma ya Kwanza

Paka mgonjwa hujificha. Huingia uvunguni akanyamaza, na mwenye nyumba huja kugundua maradhi yakiwa yamekwisha kukomaa. Dalili ya kwanza mara nyingi ni kususa chakula, nayo si ya kupuuzwa: paka mnene asiyekula kwa siku chache huweza kuharibika ini kwa sababu ya njaa hiyo tu. Paka mzima mwenye afya ana joto la nyuzi 38 hadi 39.2, na akitulia hupumua mara 20 hadi 30 kwa dakika. Akihema mdomo wazi, apelekwe kwa daktari wa mifugo mara moja.

Majeraha mengi hutokana na ugomvi wa madume. Jino la paka ni jembamba. Hutoboa ngozi, huacha vijidudu ndani, na tundu huziba upesi. Baada ya siku 2 hadi 4 mahali hapo huvimba na kutunga usaha. Kidonda kibichi kioshwe kwa maji ya uvuguvugu yenye chumvi, kijiko kimoja cha chai kwa nusu lita. Spiriti isitumike, kwani huunguza nyama. Jipu lisikamuliwe, aachiwe daktari. Damu ikichuruzika, ibanwe kwa kitambaa safi kwa dakika 5 bila kufunuafunua. Aliyegongwa na pikipiki afunikwe taulo, maana hata paka mpole hung'ata akiwa na maumivu, kisha alazwe ndani ya boksi bila kupewa chakula.

Vifo vya kusikitisha zaidi ni vile vinavyoletwa na huruma. Watu humpa paka parasetamoli wakidhani wanamtuliza, kumbe ini lake haliwezi kuivunja dawa hiyo inavyopasa. Mabaki yake huharibu chembe nyekundu za damu, fizi hugeuka kahawia na uso huvimba. Kidonge kimoja cha miligramu 500 chaweza kumuua. Dawa ya viroboto ya mbwa yenye permethrini nayo humtia degedege. Ikiwa imepakwa, aoshwe kwa maji ya uvuguvugu na sabuni ya vyombo. Aliyekula sumu asilazimishwe kutapika wala kunyweshwa maziwa. Apelekwe haraka pamoja na pakiti ya sumu yenyewe.

Dume anayechuchumaa mara kwa mara, akijikamua na kulia bila kutoa mkojo, wengi hudhani amefunga choo. Huenda njia ya mkojo imeziba, na hufa ndani ya siku 2 au 3. Hakuna tiba ya nyumbani kwa hili.

Kwa watoto wa paka, adui mkubwa ni panlukopenia, inayoleta kutapika, kuharisha na kulegea ghafla. Virusi vyake hudumu sakafuni hata mwaka mzima, hivyo nyumba iliyofiwa isilete mtoto mwingine asiyechanjwa. Chanjo huanza katika wiki ya 6 hadi 8, ikarudiwa kila baada ya wiki 3 au 4 mpaka afikie angalau wiki 16.

Kichaa cha mbwa pia humpata paka. Mtu aliyeng'atwa aoshe jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha aende hospitali siku hiyo hiyo.